Kila Madam Alipopiga Simu, Nilisema Kaka Anaoga

Kwanza mnisamehe, wasomaji wa gazeti, kwa mwandiko huu. Vidole vyangu vimepasuka kwa simiti na kalamu haikai vizuri. Shule niliachia darasa la nane, na hata huko nilikuwa mtu wa kuandika polepole, mwalimu akifuta ubao kabla sijafika katikati. Neno nililolikosea, lisomeni jinsi mlivyozoea kulisikia. Barua hii nimeiandika Jumapili baada ya Jumapili, nikiipasua na kuianza tena.

Nimekosa. Nilimdanganya afisa wa probesheni, na kwa sababu hiyo mke wa kaka yangu hawezi tena kukunja vidole viwili vya mkono wa kulia. Sitaki huruma. Mkinihurumia mtakuwa mmeongeza kosa juu ya kosa langu.

Watu wa kwetu husema mimi ni mtu wa haya. Nikisalimiwa natazama chini. Dukani nasubiri wote wahudumiwe ndipo niseme ninachotaka. Zamani niliona hiyo ni tabia nzuri. Siku hizi mtu akinisifu kwamba mimi ni mpole, naondoka mahali hapo. Mpole gani? Mimi ni mwoga, na mwoga akinyamaza hufanana sana na mtu mwema, hasa ukimtazama kwa mbali.

Kaka yangu ni dereva wa lori la mawe ya ujenzi. Yeye ndiye aliyenilea baada ya baba kufariki, na ndiye aliyenitafutia kazi hapa Lanet, kwenye yadi tunakotengeneza nguzo za simiti za kuzungushia mashamba. Nayataja haya kwa sababu mtauliza mbona nilimwogopa. Lakini msidhani alikuwa mtu wa kuogopwa na kila mtu. Mbele ya mwenye lori alivua kofia na kucheka kabla mzaha haujaisha. Mbele ya polisi wa barabarani sauti yake ilikuwa kama ya mtoto anayeomba ruhusa ya kwenda chooni. Akifika kwake mtaani Free Area na kufunga mlango, ndipo alipokuwa simba. Simba wa nyumba ya kupanga.

Mke wake, shemeji yangu, ni msusi. Alikuwa akisuka watu nje ya mlango wake, mteja amekaa kwenye kiti cha plastiki, watoto wake wawili wakicheza hapo miguuni. Mikono yake ilikuwa myepesi, watu walitoka mbali kumfuata. Kaka hakupenda. Alisema wateja wanamletea umbea. Basi akaanza kumfungia. Asubuhi anaweka kufuli kwa nje, mke na watoto wakiwa ndani, anaenda kubeba mawe ya watu. Akirudi akikuta shemeji amelia, anampiga kwa kulia. Akikuta hajalia, anampiga kwa kiburi.

Siku moja majirani walichoka. Walimwita mzee wa Nyumba Kumi, yeye akaita polisi, kufuli likavunjwa. Shemeji alitolewa akiwa amevimba uso hata jicho moja halionekani.

Kortini kaka alikubali makosa. Hakimu hakumfunga siku hiyo. Alisema anataka ripoti ya probesheni kwanza. Kwa asiyejua, ni hivi: afisa anakuja nyumbani, anauliza huyu ni mtu wa namna gani, anaweza kurekebishwa akiwa nje au hapana, na aliyeumizwa anasemaje. Kisha hakimu anasoma na kuamua, ni jela au ni kifungo cha nje.

Kabla afisa hajafika, mama alikuja kutoka Subukia pamoja na mjomba, tukakaa kikao chumbani kwangu.

"Kila mtu aseme ni mara ya kwanza," mama akasema. "Ni hasira ya kazi tu. Mwanaume akichoka hupiga kelele."

Kelele haivimbishi mtu jicho. Hayo niliyasema moyoni. Huko moyoni ndiko nilikokuwa nikisemea mambo yangu yote, na hakuna hata moja lililomsaidia mtu.

Afisa alikuwa mwanamke mfupi mwenye viatu vya raba, mtu wa kutembea sana. Tulimwita madam. Aliongea na mama, akaongea na mjomba, akaongea na majirani, mwisho akakaa na shemeji kwenye kile kiti cha plastiki. Mimi nilikuwa pale karibu, nimembeba mtoto.

"Unataka afungwe?" madam akamuuliza.

"Akifungwa nani atalipa shule? Sitaki afungwe. Nataka akae mbali na mimi, afanye kazi, alete ya watoto. Na kuwe na mtu wa kumwangalia."

"Mtu gani?"

Shemeji akanyoosha kidole kwangu. "Huyu mdogo wake. Akae naye Lanet. Huyu hawezi kudanganya, madam. Hata ukweli wenyewe kuusema ni shida."

Wote wakacheka. Hata mimi nilicheka.

Nimelifikiria hilo sana. Angeweza kusema afungwe, na angefungwa. Alichagua njia ambayo ingewalisha watoto wake bila yeye kupigwa, na njia hiyo yote aliiweka juu ya mgongo wangu. Hakunijua.

Kaka akapewa kifungo cha nje. Masharti yalikuwa alale kwangu, asikanyage Free Area, pesa za watoto zipitie kwangu, na kila wiki aende mjini kuripoti na kukaa na wenzake wafundishwe kuhusu hasira. Akivunja, anarudishwa kortini. Madam akaniita kando.

"Kijana, nina watu wengi kuliko siku za wiki. Siwezi kulala mlangoni kwenu. Nitakuwa napiga simu kwako, si kwake, kwa sababu yeye anaweza kuniambia yuko Lanet akiwa Mai Mahiu. Macho yako ndiyo macho yangu. Tumeelewana?"

"Ndiyo, madam."

"Sijakusikia."

"Ndiyo, madam."

Kaka alihamia kwangu kama mtu aliyeshinda uchaguzi. Jioni anakaa nje na wenzake wa malori, anawasimulia jela yake isiyo na ukuta. Yale mafunzo ya mjini aliyaita chekechea.

"Wametuambia ukishikwa na hasira uhesabu mpaka kumi," aliwaambia.

"Na ukifika kumi, Dere?"

"Naendelea na ya kumi na moja." Akapiga ngumi kiganjani, pa! Wakacheka mpaka mmoja akamwaga chai.

Aliwasimulia pia kuhusu mzee mmoja wa huko mafunzoni aliyekuwa akilia akikumbuka alivyomtendea mkewe. "Mzee mzima, ndevu nyeupe, analia kama amenyimwa uji." Wakacheka tena. Mimi nilikuwa pale mlangoni nikimenya viazi. Nilitabasamu. Hakuna aliyenilazimisha kutabasamu.

Haikupita muda akaanza kuteleza kwenda Free Area. Alisema anaenda kuwaona watoto tu. Alibeba nyama kilo, kana kwamba amri ya korti ilikuwa imekataza mtu asiye na nyama.

Jioni ya kwanza aliyoenda, madam akapiga simu. Mbele yangu pale chini kulikuwa na beseni, na kutoka kwenye lile beseni nikapata uongo wangu.

"Kaka yako yuko?"

"Yuko, madam."

"Nipe nimsalimie."

"Anaoga."

"Haya. Akimaliza mwambie asisahau kuripoti kesho."

Ilikuwa rahisi hivyo. Nilikuwa nimefikiri uongo ni kazi ya watu wenye mdomo. Kumbe hata mimi naweza, tena vizuri, kwa sababu sauti yangu ni ndogo na watu wakiisikia wanaiamini.

Kaka aliporudi nikamwambia. Alinipiga begani, akacheka. "Kumbe wewe una akili. Umenipa bafu." Kesho yake wenzake wa malori walikuwa wamempa jina, Msafi. "Msafi leo unaoga saa ngapi?" Na mimi nikapewa soda kwa kazi nzuri. Niliinywa.

Basi ikawa hivyo. Madam akipiga, anaoga. Akipiga tena wiki nyingine, anaoga. Siku nyingine yupo kweli, namkabidhi simu, wanaongea kwa heshima, "ndiyo madam, hapana madam", simba akirudi kuwa mtoto wa kuomba ruhusa. Siku zingine hayupo, anaoga.

"Huyu kaka yako anaoga sana," madam aliniambia mara moja. "Maji ya huko kwenu si hukatika?"

"Tunanunua ya mkokoteni."

"Mwambie amwachie jirani hata kikombe."

Nikacheka. Yeye hakucheka. Alikaa kimya kidogo kwenye simu, na najua sasa kwamba alikuwa ananingoja. Ule ulikuwa mlango, ameufungua mwenyewe na kusimama kando. Nikasema, "Usiku mwema, madam."

Hata hayo siyo mabaya yangu makubwa. Ubaya wenyewe ni huu.

Shemeji alinipigia. Aliongea kwa sauti ya chini, nilisikia mtoto akikohoa karibu naye.

"Shem, ndugu yako anakuja hapa. Mwanzo alikuwa anasimama mlangoni, sasa anaingia. Jana ameshika lile kufuli jipya analiangalia tu, analipindua mkononi. Madam anajua?"

Nilipaswa kusema hajui. Maneno mawili tu. Lakini ningesema hajui, angeuliza kwa nini, na mimi sikuwa na pa kuficha uso.

"Anajua," nikasema. "Nilimwambia."

"Akasemaje?"

"Akasema atakuja. Akasema tusimsumbue kwa simu, anapanga mambo."

"Asante, shem. Hata nilikuwa nimetaka kumpigia mwenyewe. Basi nangoja."

Alikuwa na namba ya madam kwenye simu yake. Alikuwa karibu kuibonyeza. Mimi ndiye niliyemshusha mkono. Akaanza kumngoja mtu ambaye hakujua kwamba anangojwa.

Alinipigia tena baadaye kuuliza kama madam amesema siku. Nikasema wiki hii. Akapiga tena. Nikasema amepata safari. Kila uongo ulihitaji mwenzake wa kumshika mkono, na mimi nikawa mtu wa kuwatafutia wenzao. Mama nilimwambia kidogo, naye akanijibu kutoka Subukia, "Wewe kazi yako ni simu. Ukiulizwa sema yuko. Unataka kakako aoze jela ndiyo ufurahi?" Nikajificha nyuma ya maneno hayo. Mama ni mzee, ana kisingizio cha uzee. Mimi nilikuwa nyuma ya nguo ya mama nikiwa na ndevu.

Ikafika Jumapili moja mchana. Nilikuwa nje nikifua nguo za kazi. Kaka akaingia haraka, hakusalimia.

"Nipe beseni."

"Naloweka nguo, kaka."

Akalipindua beseni, nguo zangu zikamwagika chini na maji. Akachota maji mengine mtungini, akaingia kwenye bafu la mabati. Shati alilivua akiwa njiani, akalitupa kwenye kamba. Mkono wa shati ulikuwa na damu. Yeye hakuwa na jeraha popote.

Simu ikalia. Madam hakuwahi kupiga Jumapili.

"Kijana. Kaka yako yuko?"

Nilisikia maji yakimwagika kule ndani, na yeye akijisugua.

"Yuko, madam. Anaoga."

Ilikuwa mara ya kwanza niseme hivyo na iwe kweli.

"Namsikia," madam akasema polepole. "Namsikia leo. Sasa nisikilize. Niko hospitali na shemeji yako. Nguo alizovua usiziguse. Usimwambie ni mimi. Nakuja na polisi. Unaweza hata hilo?"

Aliendelea kungoja kama siku ile ya maji ya mkokoteni.

"Naweza," nikasema.

Kaka akatoa kichwa. "Nani huyo?"

"Boss wa yadi. Anauliza kama kesho tunamwaga simiti."

Akarudi ndani kujisugua. Huo ndio uongo mmoja ambao siujutii, na ulichelewa.

Walipomchukua alikuwa bado ananukia sabuni. Hakupigana. Aliniambia tu, kwa ile sauti ya kutaka kulia, "Waambie nilikuwa hapa, bro. Waambie nilikuwa hapa tangu asubuhi." Wale wenzake wa malori walikuwa wamejaa langoni. Hakuna aliyemwita Msafi.

Shemeji alikuwa ameshikilia fremu ya mlango ili asifungiwe ndani, na kaka akaubamiza mlango wa chuma juu ya mkono wake. Kisha akaubamiza tena. Jirani ndiye aliyemkimbiza hospitali, na ni hapo shemeji alipompigia madam kwa mkono wa kushoto, akamuuliza mbona hakuja.

Mbona hakuja. Hebu fikirini madam alivyolipokea swali hilo.

Nilienda kumwona wodini, nimebeba mkate na maziwa, kama mgeni yeyote. Mkono ulikuwa kwenye plasta umening'inizwa. Nikasimama nikitazama miguu ya kitanda.

"Shem," akasema. "Ulimwambia madam siku gani?"

Nikaweka maziwa juu ya kabati.

"Si ulisema atakuja?"

Nikaushika mkate kwa mikono miwili.

"Mimi ndiye nilikuchagua," akasema. "Wangeweza kumweka kwa mjomba wenu. Mimi ndiye nilisema wewe." Hakupaza sauti wala hakulia. Akageuza uso ukutani, na mkate wangu ukabaki mkononi mpaka muuguzi akaniambia muda wa kuona wagonjwa umekwisha.

Kortini madam aliulizwa kwa nini ripoti zake zilisema mambo yanaenda vizuri. Alisimama pale na viatu vyake vya raba, akaeleza alichoambiwa na nani. Hakunitukana. Kisha nikaitwa mimi. Niliongea, hakimu akaniambia nipaze sauti, nikaongea tena, akaniambia korti bado haisikii. Basi nikasema kwa nguvu, "Nilisema anaoga. Hakuwa anaoga." Watu nyuma wakacheka. Walikuwa na haki ya kucheka. Mwanaume mzima, ushahidi wake ni beseni.

Kifungo cha nje kikafutwa. Kaka yuko jela, na kesi ya mkono ikamwongezea miaka mingine. Mama hapokei simu zangu, anasema nimemfunga mwanawe. Shemeji alihamia kwa dada yake Mai Mahiu, anauza chai kwa madereva wa malori, watu wa kazi ile ile ya mumewe. Anamimina kwa mkono wa kushoto. Kusuka hawezi. Pesa ninayomtumia huirudisha, bila neno.

Siku ile ya kesi, nje kwenye benchi, alikaa karibu nami mzee mwenye ndevu nyeupe. Nikamjua kwa maneno ya kaka, yule aliyelia mafunzoni. Alikuwa amekuja kumaliza kifungo chake cha nje. Nilimuuliza alikaa kwa nani.

"Kwa dada yangu," akasema. "Mkali huyo. Alinichoma kwa madam, akamwambia kila kitu, nilipochelewa kurudi. Akanichoma tena nilipompigia mke wangu simu nimelewa. Nilimchukia, kijana. Nilimwita nyoka." Akafuta pua. "Leo mke wangu ndiye amenipikia chai ya asubuhi. Mwenyewe ameniita nirudi."

Ni kifungo kile kile, na madam ni yule yule. Tofauti ni kwamba yeye alikuwa na dada, na kaka yangu alikuwa na mimi.

Kwa hiyo msije mkasema probesheni ni mchezo wa serikali, kwamba wapiga wake wote wafungiwe ndani tu. Nimeyasikia hayo kwenye vibanda vya chai na yananikera, kwa sababu wanaosema hivyo wengi wana kaka kama wangu na wanamficha. Kifungo hicho hakina ukuta wala askari. Ukuta ni mtu wa nyumbani anayeulizwa swali kwenye simu. Ukiwa wewe ndiye ukuta na umeoza, usiseme nyumba ilijengwa vibaya.

Ndugu yako akivunja masharti, sema. Atakuita nyoka, na mama atakukatia simu. Mimi nilikataa kuitwa nyoka, na mama alinikatia simu hivyo hivyo. Na kama huwezi kusema, kama una haya kama mimi, basi siku afisa anapouliza nani atamwangalia, toka pale. Kataa mbele ya wote. Waache wamchague mtu mwingine.

Naomba mniandikie kupitia gazeti hili. Sitaki pole. Nataka aniandikie yule ambaye ana ndugu katika kifungo cha nje hivi sasa, na simu iko mfukoni mwake. Niambie inapolia unasemaje. Mimi husoma polepole, lakini barua yako nitaisoma yote.